Sheikh Ahmad bin Naaman, Nahodha na Mjumbe wa Sayyid Said

Majina ya wafalme hukaa sana vinywani mwa watu, lakini majina ya wale waliochukua barua zao na kuvuka bahari kwa ajili yao husahauliwa upesi. Mmoja katika watumishi hao, ambaye jina lake lastahili kujulikana na kila Mwislamu wa Afrika ya Mashariki, ni marehemu Sheikh Ahmad bin Naaman Al-Kaabi. Huyu ndiye nahodha aliyeipeleka bendera nyekundu ya Sayyid Said bin Sultan mpaka bandari ya New York, katika nchi ya Marekani, mwaka 1840, sawa na mwaka 1256 wa Hijra. Aliondoka na merikebu moja, barua moja na amana ya bwana wake, akarudi na vyote vikiwa salama, na heshima juu yake.

Sheikh Ahmad alizaliwa katika mji wa Basra, nchi ya Iraki, mwaka 1784. Basra ni mji wa maji na mitende, na tangu zamani ulikuwa mlango wa biashara baina ya nchi za Waarabu, Uajemi na Bara Hindi. Mtoto aliyezaliwa mji kama huo hakuwa na haja ya kwenda mbali ili aione dunia, kwa maana dunia ilikuja yenyewe mpaka gatini. Huko tende zilipakiwa, na lugha nyingi zilisikika sokoni. Katika maisha ya namna hiyo ndimo alimotokea mtu huyu, akashika njia ya bahari na biashara, na hatimaye akaingia katika utumishi wa Sayyid Said, ambaye alimfanya kuwa mmoja wa makarani na wasiri wake.

Yafaa kwanza kueleza habari za bwana aliyemtumikia. Sayyid Said bin Sultan alitawala tangu mwaka 1806 mpaka alipofariki mwaka 1856. Milki yake ilikuwa na pande mbili zilizotengwa na bahari: upande mmoja Maskati na pwani ya Omani, na upande wa pili Unguja, Pemba na miji ya pwani ya Afrika. Mtawala wa nchi kama hiyo asingeweza kutawala bila merikebu, na Sayyid Said alikuwa nazo nyingi. Nyingine zilikuwa za vita, na nyingi zilifanya kazi mbili, yaani zilichukua mizinga na shehena pamoja. Kwa hiyo nahodha wake alipaswa kuwa mtu wa namna nyingi. Ilimpasa ajue kuongoza mabaharia, ajue hesabu za bidhaa, na ajue pia kusema na wakubwa wa nchi za kigeni bila ya kumwaibisha aliyemtuma.

Wakati huo Wamarekani walikuwa wamekwisha kuijua Unguja. Wafanya biashara wa mji wa Salem, katika jimbo la Massachusetts, walikuwa wakija kununua pembe za ndovu, sandarusi na ngozi, na kuuza nguo za pamba. Baina ya Septemba 1832 na Mei 1834 ziliingia bandari ya Unguja merikebu 41 za kigeni, na katika hizo 32 zilikuwa za Kimarekani. Mmoja wa wafanya biashara hao, Edmund Roberts wa mji wa Portsmouth, New Hampshire, alikuwa amefika Unguja zamani kidogo, akaonana na Sayyid Said na kumweleza taabu walizozipata watu wake katika biashara. Roberts aliporudi kwao alitumwa tena na Rais Andrew Jackson, safari hii akiwa mjumbe wa serikali, na tarehe 21 Septemba 1833 mkataba ulitiwa sahihi mjini Maskati.

Mkataba ule uliwapa Wamarekani ruhusa ya kufanya biashara katika bandari za Sayyid kwa kulipa ushuru wa asilimia 5 tu juu ya bidhaa walizoteremsha. Lakini kulikuwa na shauri moja ndani yake lililoonyesha tabia ya mtawala yule. Wamarekani walitaka kuandika kwamba mabaharia wao watakaovunjikiwa na chombo katika pwani za Sayyid watunzwe, nao watalipa gharama. Sayyid Said alikataa malipo hayo. Kwake yeye kumpokea mtu aliyetupwa na bahari, kisha kumdai gharama ya chakula, lilikuwa jambo lisilopatana na desturi ya Waarabu. Ikaandikwa kwamba mabaharia hao watatunzwa kwa gharama ya Sayyid mwenyewe mpaka watakaporudishwa kwao. Msomaji na aliweke neno hili moyoni, kwa sababu malipo yake yalikuja baadaye kwa njia ambayo hakuna aliyeitazamia.

Mwaka 1837 alifika Unguja balozi wa kwanza wa Marekani, Richard Waters, naye alikuwa mtu wa Salem. Biashara ikazidi. Ndipo Sayyid Said alipofikiri kwamba ikiwa merikebu za Marekani zaja kwake kila mwaka na kujipatia faida, hapakuwa na sababu merikebu yake isiende kwao. Wafanya biashara wa Salem hawakulipenda wazo hilo. Walikuwa wamezoea kununua pembe na sandarusi Unguja kwa bei waijuayo wao na kuziuza kwao kwa bei nyingine, nao waliogopa kwamba Sayyid akiijua njia, faida ile itawaponyoka. Hivyo mtu wa kupelekwa alipaswa kuwa na macho mawili, moja la biashara na moja la ujumbe. Sayyid Said alimchagua Ahmad bin Naaman, ambaye umri wake ulikuwa wapata miaka 56.

Merikebu aliyopewa iliitwa Sultana. Ilikuwa imeundwa Bombay mwaka 1833 na mafundi wa huko waliosifika kwa kazi yao ya mti wa msaji, nayo ilichukua mizinga 14. Mwezi wa Desemba 1839 iling'oa nanga Maskati ikaja na kaskazi mpaka Unguja. Kutoka Maskati ilikuwa imepakia magunia 1,300 ya tende, mazulia ya Kiajemi robota 21, na kahawa ya Mokha robota 100. Katika Unguja ziliongezwa pembe za ndovu 108, makasha 81 ya sandarusi, magunia 135 ya karafuu, na ngozi kavu 1,000. Mbali na shehena hiyo ya biashara ziliwekwa zawadi za Sayyid kwa Rais wa Marekani: farasi wawili wa Kiarabu, lulu, shali za Kashmir, zulia, mafuta ya waridi na upanga uliopambwa kwa dhahabu.

Haki yatulazimu kukumbuka pia mikono iliyokusanya shehena ile. Karafuu za Unguja na Pemba zilichumwa na watumwa, na pembe nyingi zilitoka bara mabegani mwa watu waliotembea miezi mingi, wengine wao wakiwa hawana hiari. Mkataba wa mwaka 1822 ulikuwa umekataza kuwauzia Wakristo watumwa, lakini utumwa wenyewe ulidumu Unguja mpaka mwaka 1897, na katika majimbo ya kusini ya Marekani mpaka mwaka 1865. Nchi zote mbili zilizopeana mikono katika habari hii zilikuwa na deni hilo. Sifa za nahodha hazilifuti, wala deni hilo haliziondoi sifa alizozipata kwa kazi yake mwenyewe.

Katika mwezi wa Februari 1840 Sultana iliondoka Unguja. Iliteremka kusini, ikazunguka ncha ya Afrika, ikaingia katika bahari ya Atlantiki, ambayo mabaharia wengi wa chombo kile hawakupata kuiona. Mwongozaji wa njia alikuwa Mwingereza, William Sleeman, ambaye alizijua ramani na nyota lakini alishindwa na ulevi. Lilikuwa jambo la hatari, kwa sababu katika bahari kuu mwongozaji aliyelewa ni sawa na mwamba usioonekana. Sheikh Ahmad alikuwa na mzigo wa kuwatuliza mabaharia, kuwalinda farasi, kuitunza shehena, na kumvumilia mtu ambaye hakuweza kumwacha njiani. Baada ya miezi karibu mitatu, tarehe 30 Aprili 1840, Sultana ilitia nanga New York.

Mjumbe wa Bey wa Tunis alikwisha kufika Marekani tangu mwaka 1805, lakini kutoka Omani na pwani ya Afrika ya Mashariki hapakuwa na chombo kilichopata kufika huko na mjumbe kabla ya Sultana. Mji ulitaharuki. Watu walimiminika gatini kutazama vilemba, kanzu na ndevu, na wengi walipanda chomboni bila ya kualikwa. Wengine walikuja kwa wema na wengine kwa kebehi, kama ilivyo desturi ya makundi ya watu kila mahali. Sheikh Ahmad aliwapokea kwa upole na utulivu, na wale waliokuja kucheka waliona mtu mwenye haya na adabu, aliyevaa vizuri na kusema kwa kipimo, na ambaye hakubabaishwa na ukubwa wa mji wao. Mwezi wa Mfungo Sita, ambao Waislamu husoma Maulidi ya Mtume, rehema na amani zimshukie, ulimwandamia akiwa katika bandari ile ya ugeni.

Halmashauri ya mji ilimpa mapokezi ya heshima na kumtembeza ili aone kazi na majengo yake. Mchoraji Edward Mooney alimchora picha, na kwa picha hiyo sura yake imebaki mpaka leo. Humo aonekana akiwa na kilemba na mavazi ya heshima, ndevu zimemjaa, na macho yake makubwa yamtazama anayemtazama. Watu wachache sana wa pwani yetu, katika zama zile kabla ya picha za kamera kuenea, waliacha sura zao kwa vizazi vya baadaye.

Jambo gumu kuliko yote lilikuwa la zawadi. Sheria kuu ya Marekani yakataza mtu yeyote mwenye cheo serikalini kupokea zawadi kutoka kwa mfalme au nchi ya kigeni bila ya idhini ya Baraza la Kongresi. Rais wa wakati ule, Martin Van Buren, hakuwa na ruhusa ya kuzichukua kwa nafsi yake, naye alieleza hivyo. Kwa upande wa Wamarekani lilikuwa shauri la sheria tu, na pengine la kujivunia, kwa kuwa liliwazuia wakubwa wao kununuliwa. Lakini kwa upande wa Sheikh Ahmad lilikuwa jambo zito sana. Kwa desturi ya Waarabu, na ya Waswahili pia, zawadi iliyorudishwa ni urafiki uliokataliwa. Angewezaje kurudi mbele ya Sayyid Said na farasi wale wale, lulu zile zile, na kusema kwamba mkubwa wa Marekani hakuzitaka? Safari nzima ingegeuka kuwa fedheha, na mkataba wa mwaka 1833 ungeingiwa na kutu.

Sheikh Ahmad hakukasirika wala hakuzichukua zawadi tena. Alishikilia kwamba amana aliyopewa ilikuwa ya kufikishwa, na kwamba hakupewa amri ya kuirudisha. Basi likabaki kuwa shauri la Wamarekani wenyewe kutafuta njia. Jambo likapelekwa Kongresi, na katika mwezi wa Julai 1840 ikaamriwa kwamba zawadi zipokewe kwa jina la taifa. Farasi waliuzwa, na fedha zao zikatiwa katika hazina ya serikali. Vitu vingine vikawekwa kuwa mali ya umma, na lulu za Sayyid Said zikahifadhiwa katika nyumba ya makumbusho ya Smithsonian, mjini Washington. Kwa njia hiyo sheria ya wenyeji haikuvunjwa na heshima ya mgeni haikuguswa. Huu ndio ujumbe wa kweli: kuwapa wenzako nafasi ya kutenda jema kwa njia yao, bila ya wewe kuacha njia yako.

Wakati shauri hilo likiendelea, Sultana yenyewe ilikuwa imechoka. Bahari ilikuwa imekula kamba, matanga na mbao zake. Serikali ya Marekani iliamuru ipelekwe katika karakana ya manowari iliyoko Brooklyn, na huko mafundi wakaitengeneza upya mpaka ikawa kama chombo kipya. Ilipofika siku ya hesabu, Sheikh Ahmad hakudaiwa kitu. Gharama zote zilichukuliwa na serikali. Msomaji akumbuke sasa lile shauri la mkataba wa Maskati, la mabaharia waliovunjikiwa na chombo. Sayyid Said alikataa kulipwa kwa ajili ya wageni waliotupwa pwani kwake, na baada ya miaka saba merikebu yake ilipofika pwani ya wageni wale imechakaa, nayo ilitunzwa bila malipo. Wema hauozi.

Hakusahau upande wa biashara. Shehena iliuzwa kwa mkono wa mawakala wa New York, na kwa thamani yake zikanunuliwa nguo za pamba, shanga, bunduki na baruti, vyombo vya kaure na vitu vya anasa kwa ajili ya nyumba ya Sayyid. Serikali ya Marekani nayo ilitoa zawadi zake kwa Sayyid: mashua nzuri ya kutembelea, vioo vikubwa, taa ya kuning'inia, na bunduki na bastola za namna mpya zilizoweza kupigwa mara nyingi bila ya kushindiliwa kila mara. Sleeman hakurudi na chombo. Mahali pake palichukuliwa na Mmarekani, Sandwith Drinker wa Philadelphia, ambaye aliandika habari za safari ile siku kwa siku. Mengi yajulikanayo leo juu ya kurudi kwa Sultana yatokana na maandishi yake, ingawa hakuwa mpole kila mara katika kuwaeleza mabaharia aliosafiri nao.

Waliondoka New York mwezi wa Agosti 1840. Mwezi wa Ramadhani uliwakuta wangali safarini, mbali na msikiti na mbali na jamaa, katika maji ambayo hayana adhana ila ile inayotolewa chomboni. Mwezi wa Desemba, baada ya Idi kupita, Sultana iliingia tena bandari ya Unguja. Tangu kutoka Maskati ulikuwa umetimia mwaka mmoja kasoro siku chache. Sayyid Said alipata barua, zawadi, hesabu ya mali yake, na merikebu iliyo nzima kuliko ilivyotoka.

Safari ile haikugeuka kuwa desturi ya kila mwaka. Watu wa Salem waliendelea kuwa wenye nguvu katika biashara ya Marekani na Unguja, na njia ya mbali kama ile ilikuwa na gharama nyingi kwa mtawala mmoja. Mwaka 1842 Sultana ilitumwa tena mbali, safari hii London, ikamchukua mjumbe mwingine, Ali bin Nasir. Lakini mlango uliofunguliwa na Sheikh Ahmad haukufungwa. Urafiki baina ya Marekani na milki ya Sayyid ulidumu, na biashara ikazidi kuingia bara.

Kwa watu wa nchi za bara habari hii si ya mbali kama idhaniwavyo. Ile nguo ya pamba isiyotiwa rangi, iliyotoka katika viwanda vya Massachusetts, ndiyo iliyoitwa merikani, na jina hilo lilisafiri na misafara mpaka Tabora, Ujiji na ng'ambo ya maziwa makuu. Wazee walivaa merikani na kukatia bei kwa merikani, na mikono ya nguo hiyo ilikuwa kama fedha sokoni. Njia hizo hizo za misafara ndizo zilizochukua pia Kurani na mafunzo ya dini. Ahmed bin Ibrahim, ambaye hutajwa kuwa Mwarabu wa kwanza kufika katika baraza la Kabaka Suna wa Buganda, alifika huko mwaka 1844, miaka minne tu baada ya Sultana kurudi. Waislamu wengi wa bara ni wajukuu wa njia zile, kwa damu au kwa elimu.

Sheikh Ahmad aliendelea katika utumishi wa bwana wake. Aliishi kuona kifo cha Sayyid Said, aliyefariki baharini karibu na visiwa vya Shelisheli mwezi wa Oktoba 1856, akiwa njiani kutoka Maskati kuja Unguja. Aliona milki ile ikigawanyika, Sayyid Thuwaini akishika Omani na Sayyid Majid akishika Unguja, na mwaka 1861 mgawanyo huo ukathibitishwa kwa hukumu ya Mwingereza. Kwa mtu ambaye ujana na uzee wake ulipita katika kuziunganisha pande mbili za bahari, lazima lilikuwa jambo la huzuni. Yeye mwenyewe alifariki mwaka 1869, akiwa na umri wa miaka 85 hivi.

Hakuacha ufalme, wala hakuna mji ulioitwa kwa jina lake. Aliacha sura yake katika picha iliyochorwa ng'ambo ya pili ya dunia, na habari ya mtu aliyepewa amana akaifikisha. Vijana wanaotumwa leo na jumuiya zao, na serikali zao, na wazee wao, kwenda kusoma au kusema kwa niaba ya wengine katika nchi za kigeni, wanaweza kupata kwake mfano ulio karibu. Alikwenda mahali asipojulikana, akavumilia kutazamwa, akaheshimu sheria ya wenyeji, na hakuiacha desturi ya kwao. Mwenyezi Mungu amrehemu, na awarehemu wote waliosafiri naye, wenye majina na wasio na majina. Amina.